Hiyo Nayo Sanaa? Ndiyo, na Inatuhusu!

Wenzangu wa kalamu, juzi niliwaonyesha washikaji kijiweni hapa Singida picha za kazi ya Lubaina Himid. Mmoja akaangua kicheko: "Mbao zimesimamishwa ukumbini, hiyo nayo sanaa? Si bora achore twiga, tukawauzie watalii?" Wengine wakamuunga mkono. Siku ile nilinyamaza. Leo sinyamazi.

Kwanza tujue tulichokuwa tunakicheka. Himid alizaliwa Zanzibar mwaka 1954, akapelekwa Uingereza angali mchanga. Mwaka 2004 alionyesha kazi aliyoiita Naming the Money. Ni watu 100 wa mbao bapa, wamechorwa na kupakwa rangi, kila mmoja ana kimo cha mtu. Kazi hii huitazami ukutani huku umekunja mikono. Unaingia ndani yake, unapita katikati ya wapiga ngoma, washona viatu, wachora ramani na waganga wa mitishamba, na sauti zinakufuata. Hao ni Waafrika waliofanywa watumwa katika majumba ya wakubwa wa Ulaya. Mgongoni mwa kila mmoja kuna karatasi ya hesabu za fedha, na juu yake maneno machache: jina lake la kwao, jina alilobandikwa na mabwana, kazi aliyoifanya zamani na anayofanyishwa sasa.

Eti huyo ni Mwingereza, hayatuhusu. Jamani! Himid huyohuyo amechora kazi nyingi kwa kufuata kanga, pindo na jina lake. Kanga ambayo mama yako amejifunga hivi sasa! Na mwaka 2017, akiwa na miaka 63, alipata Tuzo ya Turner, mwanamke mweusi wa kwanza kuipata. Hakuhitaji twiga.

Tena njia ya misafara ilipita hapahapa kwetu. Kutoka Bagamoyo kwenda Tabora ilikuwa lazima uvuke Mgunda Mkali, vichaka vikavu vya upande wa Manyoni, ambako misafara iliogopa kiu. Walipita wapagazi wa kulipwa, walipita na watumwa. Burton na Speke walivuka mwaka 1857 na majina yao tunayakariri shuleni. Waliobeba mizigo yao, wengi wao wanaitwa nani? Kimya.

Nakubali jambo moja. Kazi hizo ziko mbali, na mimi nimeziona kwenye picha tu. Anayelalamika kwamba hakuna basi la kutoka Singida kwenda Liverpool, ana haki. Lakini karatasi na wino vipo hapa.

Nami sijitoi lawamani. Riwaya yangu ya kwanza, daftari mbili nzima, mhusika wake nilimweka Masaki, kwenye jumba la kifahari, mtaa ambao sijaukanyaga hata siku moja. Huyo ndiye alikuwa twiga wangu. Nilidhani wasomaji hawataki mtu wa Manyoni. Nimeziweka kando daftari hizo. Sasa naandika habari za mpagazi mmoja anayevuka Mgunda Mkali, na ukurasa wa kwanza unaanza na jina lake alilopewa na mama yake.

Wewe unayeandika mashairi, wewe unayechora kuta za saluni, utampa nani jina? Na anayebisha kwamba hiyo si sanaa, asiishie kijiweni. Ashike kalamu, anijibu.