Waya Juu ya Shamba: Hesabu Kwanza, Kisha Utie Sahihi



Siku moja mzee wa skimu ya Borabu alifika dirishani kwetu mwenye hasira nyingi. Mikalitusi yake ilikuwa imekatwa ili waya za umeme zipite. Nilimwuliza, "Mzee wangu, ilikuwa miti mingapi?" Hakujua. "Je, ulitia sahihi?" Alitia kidole gumba, lakini hakubaki na nakala. Sasa afisa angekadiriaje hasara ya miti isiyokuwapo tena wala kuandikwa popote?

Sisemi tukatae umeme. Bila umeme maziwa hayapozwi, wala kiwanda cha chai hakifanyi kazi. Sheria nayo yasema mwenye shamba asinyime idhini bila sababu ya haki. Lakini maoni yangu ni haya: nyingi za kesi zetu huharibika kabla ya kufika kortini, nazo huharibikia nyumbani, kwa kukosa maandishi.

Yafaa ujue haki yako. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 40, yalinda mali yako. Sheria ya Kawi ya mwaka 2019, kifungu cha 171, yamtaka mwenye kujenga laini aombe idhini yako kabla ya kazi kuanza, pamoja na maelezo ya kazi yenyewe. Na ukishakubali, neno lako huwafunga wote wenye haki katika shamba hilo, hata watoto wako.

Pima basi unachokitoa. Laini ya volti 132,000, kama ile ya KETRACO itokayo Kisii kwenda Awendo, huhitaji njia yenye upana wa meta 30. Ikikata shamba lako kwa urefu wa meta 100, hizo ni meta mraba 3,000, yaani karibu robo tatu ya eka. Kwa mtu wa Borabu mwenye eka nyingi, hicho ni kipande tu. Kwa ndugu yetu wa Kitutu mwenye eka moja, ni karibu shamba zima. Ardhi hubaki yako, na maharagwe waweza kupanda chini ya waya. Lakini nyumba na miti mirefu, hapana. Kwa hivyo usikubali kulipwa mimea peke yake, kana kwamba ardhi haikupungua thamani.

Jambo jingine ni hati. Mashamba mengi yangali kwa jina la babu aliyepewa miaka ya 1960, naye amekwisha kufa. Fidia ikija, alipwe nani? Hapo ndugu hushtakiana wao kwa wao, na pesa hukaa. Malizeni shauri la urithi kortini kabla wapimaji hawajafika.

Nao wakifika, fanya hivi:

Kwanza, omba barua na ramani ya laini. Usitie kidole kwa karatasi usiyosomewa, na ubaki na nakala.

Pili, hesabu mimea na miti mbele ya mashahidi, upige na picha. Mwite afisa wa kilimo aandike makadirio yake kabla ya panga kuingia.

Tatu, ukiwa na pingamizi, liandike. Usimfukuze mpima kwa panga, usije ukageuka mshtakiwa.

Nne, msiposikizana, peleka malalamiko kwa EPRA, kisha kwa Jopo la Kawi na Petroli. Mahakama ya Mazingira na Ardhi imekwisha kutupa kesi za namna hii kwa sababu mlalamishi aliruka ngazi hizo. Wala usingoje miaka. Korti huuliza ulikuwa wapi.

Kwa maoni yangu, kampuni nazo zingepunguza ugomvi kama zingeeleza mambo haya katika baraza ya chifu kabla ya nguzo ya kwanza kusimama. Lakini tusiwangojee. Wazee walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Daftari ni shilingi chache tu. Nunua leo.