Mpwa wa Mwenyekiti na Mizani ya Mkulima

Kila ajira ya chama cha ushirika inapohojiwa, viongozi wake hutoa jibu lile lile: chama ni mali ya wanachama, na mwenye mali humwajiri amtakaye, sheria inatafuta nini humo? Nimelisikia jibu hili hata kutoka kwa wanasheria ninaowaheshimu. Mimi naliona kuwa ni hila, na anayeilipia hila hiyo ni mkulima.

Tuanze na mlango wa kuingilia. Chama cha msingi, yaani AMCOS, kinahitaji meneja, mhasibu au karani wa mizani. Nafasi haitangazwi, au tangazo hubandikwa siku mbili mlangoni pa ofisi, na anayeipata ni mpwa wa mwenyekiti. Kijana mwenye stashahada ya uhasibu aliyeikosa nafasi hiyo aende wapi? Kazi yenyewe si ya utumishi wa umma, kwa hiyo Sekretarieti ya Ajira haimhusu. Anabaki na Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004. Kifungu chake cha 7 kinamkinga dhidi ya ubaguzi hata mwombaji kazi, jambo ambalo wengi hawalijui na linastahili sifa. Lakini kisomeni chote. Kimetaja kabila, rangi, dini, jinsi, ulemavu, mtazamo wa kisiasa na mengineyo. Undugu hakikuutaja. Katika kijiji ambacho takriban wote ni wa kabila moja na dini moja, aliyeshindwa na mpwa wa mwenyekiti atathibitisha ubaguzi gani?

Sasa tazameni mlango wa kutokea. Bodi mpya inachaguliwa, inamkuta mpwa na vitabu visivyosomeka, inamfukuza jioni moja kwa hasira, bila barua ya tuhuma wala kikao cha nidhamu. Mpwa anakwenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi na kushinda, tena kwa haki kabisa, maana utaratibu ulikiukwa. Sheria ile ilipotungwa iliweka fidia isiyopungua mishahara ya miezi 12 kwa aliyeachishwa isivyo halali. Nani anailipa? Si mwenyekiti aliyemleta. Inalipwa kwa makato ya kila kilo ya mkulima. Sina ugomvi na ulinzi huo wa mfanyakazi, na ole wake atakayetaka kuupunguza kwa kisingizio cha makala hii. Ninacholalamikia ni kwamba sheria inamlinda aliyekwisha kuingia bila kumuuliza mtu yeyote aliingiaje.

Wapo watakaosema kwamba ushirika ni hiari, na asiyeridhika ajitoe. Waende wakamwambie hivyo mkulima wa korosho wa Tandahimba au Newala. Chini ya mfumo wa stakabadhi ghalani, korosho zake hupitia AMCOS, ziende ghala kuu, kisha mnadani. Akijitoa, auze wapi? Dola ikishakifanya chama kuwa lango la soko, anayekaa kwenye mizani ya lango hilo hawezi tena kuitwa suala binafsi la familia ya mwenyekiti.

Najua jibu la upande wa pili, hasa miongoni mwa watumishi wa serikali wanaonisoma: basi ajira zote zihamishiwe serikalini. Hilo tumeshalijaribu. Mwaka 1966 kamati maalumu ya Rais ilichunguza vyama vya ushirika na kukuta, pamoja na mengine, upendeleo wa ndugu katika ajira. Mwaka 1968 kikaundwa chombo cha pamoja cha kusimamia watumishi wa ushirika, na vyama vikapoteza kauli juu ya watu wao wenyewe. Mwaka 1976 vyama vikuu vikafutwa kabisa, KNCU ya Kilimanjaro ikiwamo. Mkulima alinyang'anywa chama ili aokolewe kutoka kwa mpwa.

Ninachodai ni kidogo kuliko hicho. Sheria ya Vyama vya Ushirika ya mwaka 2013 irekebishwe ili undugu kati ya mwajiriwa na mjumbe wa bodi utamkwe kwa maandishi na usomwe katika mkutano mkuu. Mwombaji aliyekosa nafasi, na mwanachama yeyote, awe na siku 30 za kupinga uteuzi kwa Mrajis kabla mkataba haujathibitishwa. Na ajira iliyokiuka utaratibu ikizaa fidia, walioidhinisha wailipe kutoka mifukoni mwao. Hapo ndipo mtaona tangazo la kazi likikaa mlangoni mwezi mzima.

Wakati tukiwangoja wabunge, Warajis Wasaidizi mikoani wanaweza kuanza wiki ijayo. Mnapokwenda kukagua chama, pamoja na leja na daftari la wanachama, ombeni jalada la ajira ya mwisho: tangazo, orodha ya waombaji, alama za usaili na muhtasari wa kikao kilichoamua. Jalada lisipokuwepo, andikeni hivyo katika taarifa, na taarifa hiyo isomwe mbele ya wanachama.