Mwendo wa Treni Uanzie Kwenye Njia

Tangu treni ya umeme ilipoanza kuchukua abiria kati ya Dar es Salaam na Morogoro mwezi Juni 2024, na kufika Dodoma mwezi Julai mwaka huo huo, mazungumzo ya reli yamerudi vijiweni na maofisini. Hilo ni jambo jema. Safari iliyokuwa ikila mchana mzima sasa inakwisha kwa muda usiozidi saa nne. Lakini lipo swali ambalo wananchi wengi wanauliza, nalo linastahili jibu la wazi: ikiwa Wajapani wanakimbiza treni zao hadi kilomita 320 kwa saa, kwa nini yetu iishie 160?

Sisi tunasema swali hilo limeanzia mkiani. Mwendo wa treni haununuliwi pamoja na kichwa chake. Mwendo hujengwa kwenye njia, na njia isipotunzwa mwendo hupotea, hata kama mabehewa yanang'aa.

Tuwatazame hao hao Wajapani. Kabla ya 1964 treni yao ya haraka kuliko zote kati ya Tokyo na Osaka ilitumia saa sita na nusu. Ilipita kwenye reli nyembamba yenye upana wa milimita 1,067, yaani upana ule ule wa reli yetu ya TAZARA. Nchi hiyo ilikuwa imetoka kwenye maangamizi ya vita, na mwaka 1961 ilikopa dola milioni 80 kutoka Benki ya Dunia kwa ajili ya kazi hiyo. Deni hilo lilimalizika kulipwa mwaka 1981.

Wakati huo walikuwapo waliosema kuwa reli imepitwa na wakati, kwamba siku za mbele ni za ndege na magari. Mkuu wa shirika la reli, Shinji Sogo, na mhandisi wake mkuu, Hideo Shima, hawakukubali. Wala hawakutafuta kichwa chenye nguvu zaidi wakakiweka juu ya reli ya zamani. Walijenga njia mpya kabisa. Gharama zilipanda karibu mara mbili ya makadirio ya kwanza, na wote wawili wakaacha kazi mwaka 1963, kabla treni waliyoihangaikia haijaanza. Tarehe 1 Oktoba 1964 treni hiyo ilianza safari kwenye njia ya kilomita 515, ikikimbia hadi kilomita 210 kwa saa. Safari ya Tokyo na Osaka ikawa saa nne, na mwaka uliofuata ikashuka hadi saa tatu na dakika kumi.

Siri ilikuwa nini? Njia ile haikukutana na barabara hata mahali pamoja. Magari yalipita juu au chini. Treni za mizigo hazikuruhusiwa kuiingilia. Kona zilinyooshwa. Taa za ishara hazikuwekwa kando ya reli, kwa sababu katika mwendo ule jicho la dereva haliwezi kuzitegemea. Ishara zilipelekwa ndani ya chumba chake, na mitambo ikapewa uwezo wa kupunguza mwendo yenyewe.

Hatua hizo hazikuwa anasa. Treni ikizidisha mwendo mara mbili, umbali inaohitaji ili isimame hukua karibu mara nne kwa breki zile zile. Ng'ombe mmoja relini, au mtu anayevuka akiwa amezama kwenye simu yake, hatanusurika kwa honi.

Halafu kuna matunzo. Kila siku kuanzia saa 6 usiku hadi saa 12 alfajiri treni zile za abiria husimama, na mafundi huingia njiani kukagua reli, nyaya na mataruma. Kwa miaka mingi treni maalumu ya rangi ya njano imekuwa ikipita kila baada ya siku kama 10 kupima njia na umeme ikiwa katika mwendo. Matokeo yake ni kwamba tangu 1964 hakuna abiria hata mmoja aliyekufa kwenye njia hizo kwa treni kuanguka au kugongana. Sifa hiyo tunaiona kuwa kubwa kuliko ile ya kilomita 320.

Wachina nao wametoa somo, kwa uchungu. Tarehe 23 Julai 2011, karibu na mji wa Wenzhou, radi ilipiga mitambo ya ishara, treni moja ikaigonga nyingine kwa nyuma, na watu 40 wakafa. Baada ya hapo serikali yao ilipunguza mwendo wa treni za haraka. Hawakuona aibu kurudi nyuma ili watengeneze.

Nasi hatuhitaji kwenda mbali kutafuta mafunzo. Tarehe 24 Juni 2002, pale Igandu mkoani Dodoma, treni ya abiria ilishindwa kujizuia mlimani, ikarudi nyuma na kuigonga treni ya mizigo. Watu 281 walipoteza maisha. Mwishoni mwa 2009 na mwanzoni mwa 2010 mafuriko yaliisomba reli kati ya Kilosa na Gulwe, na wasafiri wakaadhirika kwa miezi. Katika misiba yote miwili hakuna aliyelalamika kuwa treni zetu hazina kasi ya kutosha.

Hatusemi kwamba Afrika haiwezi. Morocco imekuwa ikikimbiza treni hadi kilomita 320 kwa saa tangu Novemba 2018, na safari ya Tangier na Casablanca imepungua kutoka karibu saa tano hadi saa mbili na dakika chache. Siku yetu inaweza kuja. Lakini haitakuja kwa kutamani.

Kwa hiyo tunatoa rai. Kwanza, fedha za matunzo zitengwe tangu leo, wakati reli bado ni mpya, wala zisichukuliwe kwa shughuli nyingine hata kama shughuli hiyo ni nzuri. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Pili, treni iondoke na kufika kwa saa iliyoandikwa, na ikichelewa abiria waelezwe sababu. Tatu, kiongozi yeyote asimshinikize fundi kuruhusu treni ipite mahali ambapo yeye fundi amesema si salama.

La mwisho linatuhusu sisi wananchi. Uzio wa reli haukuwekwa kutunyanyasa. Anayeukata ili kupitisha mifugo, anayeiba waya auze kama chuma chakavu, na anayemwona mwizi huyo akanyamaza, wote wanaipunguzia treni mwendo na kuhatarisha roho za wenzao. Ukiona uzio umekatwa au nguzo imechezewa, toa taarifa stesheni au kwa mwenyekiti wa kijiji siku hiyo hiyo. Tukiweza kuitunza vizuri njia ya kilomita 160 kwa saa, tutakuwa na haki ya kudai ile ya 320.