Sauti ya Runinga na Ushahidi wa Mfupa

Hivi majuzi nilikuwa Illasit, pale mpakani chini ya Kilimanjaro, ambapo mtu hunywa chai Kenya kisha akavuka kununua ndizi Tarakea, upande wa Tanzania. Katika hoteli nilimoketi, runinga ilikuwa ikionyesha dinosau. Jike mwenye shingo ndefu alikuwa akimlilia mwanawe aliyeuawa, na sauti ya Mwingereza ikatueleza uchungu wake. Mzee mmoja mfugaji aliyekuwa mezani pangu akaomba nimtafsirie. Nikatafsiri. Akaniuliza, "Mwalimu, ni nani aliyemsikia akilia?"

Sikuwa na jibu.

Sivichukii vipindi hivi. Tangu BBC ilipotoa mfululizo wa Walking with Dinosaurs mwaka 1999, vimewavutia watoto wengi kwenye sayansi. Lalamiko langu ni la kisarufi, na wasomaji wanisamehe, kwani ndiyo kazi inayonilisha. Humo kila jambo husemwa katika wakati uliopo na kwa uhakika ule ule: mnyama ana shingo ndefu, mnyama anaomboleza. La kwanza limetoka katika mfupa. La pili limetoka katika kichwa cha mwandishi, na mtazamaji hana njia ya kuyatenga.

Tuchukue mnyama wa kwetu. Kati ya mwaka 1909 na 1913 Wajerumani walichimba mifupa Tendaguru, karibu na Lindi, kwa mikono ya mamia ya vibarua Waafrika walioongozwa na msimamizi Boheti bin Amrani. Mizigo ilibebwa na wapagazi hadi bandarini. Mwaka 1937 jitu likasimamishwa Berlin, miguu ya mbele ikiwa imepindwa kwa nje kama ya mjusi, na mkia ukiburuta chini. Liliposimamishwa upya mwaka 2007, miguu ilinyooshwa na mkia ukainuliwa. Mifupa ni ile ile! Tena wapo wataalamu walioamini kwamba wanyama wa aina hii waliishi majini, vichwa tu vikichungulia, mpaka ilipoelezwa mwaka 1951 kwamba katika kina kile uzito wa maji ungeyabana mapafu yao. Kama kipindi kingetengenezwa kabla ya hapo, tungewaona wakijizamisha ziwani, na msimulizi asingesita hata kidogo.

Sisemi kwamba mfupa ni bubu. Mifupa ya Shingopana, dinosau wa Songwe aliyetangazwa mwaka 2017, ina matundu ya wadudu walioitoboa muda mfupi baada ya kufa kwake. Hilo mzee wangu angelikubali papo hapo, maana anaijua mizoga. Kiswahili nacho kina huenda, yamkini, yaelekea, na kile kiambishi -nge- ambacho wanafunzi wangu hukionea tabu. Msimulizi akisema "huenda alimlinda mwanawe" hapunguzi utamu wowote. Watoto waliokua kwa paukwa pakawa wanajua vizuri mpaka ulio baina ya ngano na habari, mradi tu wauonyeshwe.

Jina Shingopana, bila shaka, halihitaji mkalimani. Mwaka 2019 akafuata Mnyamawamtuka moyowamkia, aliyeitwa hivyo kwa mto Mtuka, kusini magharibi mwa Tanzania, alikopatikana, na kwa mfupa wa mkia wenye umbo la moyo. Wanasayansi wa Marekani waliona kwamba Kiswahili chafaa kumtaja dinosau mbele ya ulimwengu mzima. Mimi nami nilikuwa Illasit, mji ambao Kiswahili husemwa pande zote mbili za mpaka, nikitafsiri runinga kwa kunong'ona huku chai ikipoa.

Vituo vyetu vinaponunua vipindi hivi, virekodi usimulizi wa Kiswahili. Na kabla ya kurekodi, maandishi yapitiwe na mtaalamu wa visukuku, ambaye hatuwakosi katika Makumbusho ya Taifa pale Nairobi, aulize sentensi kwa sentensi ni mfupa gani uliosema hayo. Gharama yake ni msimulizi mmoja, msomi mmoja na chumba cha kurekodia.