Kikohozi cha Mgonjwa wa Moyo: Barua ya Wazi kwa Mawaziri wa Afya wa Kaunti za Kitui na Makueni

Waheshimiwa Mawaziri,

Naomba radhi kwa kuwaandikia hadharani jambo ambalo aghalabu husemwa kwa sauti ya chini baina ya tabibu na mgonjwa wake. Lakini madhali dhima ya hospitali na zahanati zetu iliwaangukia wakuu wa kaunti tangu mwaka 2013, na madhali jambo lenyewe hupita bila kishindo na laweza kumzika mtu kwa jina la maradhi mengine, nimeona ni heri liwekwe mezani penu mbele ya wananchi kuliko kuachwa lijifiche. Linahusu amiodaroni, dawa ya kutuliza mapigo ya moyo yaliyokwenda mrama, na mapafu ya wale wanaoimeza.

Sikuja kuisingizia dawa hii ubaya. Nasaba yake yaanzia Misri, katika mmea uitwao khella, ambao watu wa huko waliutumia tangu kale kwa maumivu ya mawe ya figo, na ambao kiini chake ndicho kilichowaongoza wakemia wa kampuni ya Labaz nchini Ubelgiji kuiunda mwaka 1961, wakikusudia kuwatibu watu wanaobanwa na kifua kwa sababu ya moyo. Baadaye ndipo ilipodhihiri kwamba fadhila yake kubwa zaidi ni kuurudisha moyo katika mwendo wake, na mwaka 1985 Marekani ikaiidhinisha kwa yale mapigo ya hatari yatokayo kwenye vyumba vya chini vya moyo, yanayoweza kumwua mtu kwa dakika chache. Wako watu wanaopumua leo kwa hisani ya kidonge hiki, na mgonjwa yeyote atakayesomewa barua hii asikiache kwa hofu kabla ya kuonana na daktari wake, kwani kuacha pasipo shauri kwaweza kuwa balaa kuliko kuendelea.

Lakini ni dawa yenye kukaa. Hupenda mafuta, nayo huingia katika ini, ngozi, macho, tezi ya shingo na mapafu ikafanya maskani humo, hata ikawa mtu akiiacha leo hupita takriban siku 58 kwa wastani kabla ya nusu yake kuondoka mwilini, na kwa wengine zaidi ya siku 100. Ndani ya pafu huzizuia seli kuvunja mafuta yake zenyewe, yakalimbikizana humo, na mwili nao kwa baadhi ya watu huinuka kupigana na pafu lake wenyewe, mpaka zile kuta nyembamba ambazo hewa hupita kuifikia damu zikavimba, na zikicheleweshewa msaada zikageuka makovu yasiyolainika tena. Matabibu walianza kuyaandika madhara haya mwaka 1980. Enzi za dozi kubwa yaliripotiwa hata kwa wagonjwa 10 hadi 17 katika kila 100. Kwa dozi ndogo za siku hizi hukadiriwa kuwapata baina ya 1 na 5 katika 100. Walio karibu zaidi na hatari ni wazee, wanaomeza dozi kubwa au kumeza kwa miaka, na wale ambao mapafu yao yalikwisha kujeruhiwa kabla.

Kwa kaunti zenu hizi za Ukambani, Waheshimiwa, jambo hilo la mwisho ni zito. Nani asiyemjua bibi aliyepika kwa kuni ndani ya jiko lisilo dirisha tangu ujana wake, au mzee aliyechoma makaa katika nyika ya Mutomo miaka na miaka, au mtu aliyeponywa kifua kikuu zamani akabakiwa na kovu? Hao wakipatwa na mapigo yaliyovurugika, ama kwa presha ya muda mrefu, ama kwa vali za moyo zilizoharibiwa na homa ya baridi yabisi ya utotoni, huanza kumeza amiodaroni wakiwa na mapafu yasiyo na akiba. Na dalili zenyewe ni kikohozi kikavu, pumzi zinazokatika kwa kupanda kilima kidogo, homa isiyo kali, na kukonda. Tabibu yeyote wa zahanati, Ikutha au Kathonzweni, akizisikia dalili hizo atafikiri kwanza kifua kikuu, wala halaumiki. Picha ya eksirei nayo huonyesha mawingu yasiyosema yametoka wapi, kwani yaweza kuwa kifua kikuu, nimonia, au maji ya moyo ulioshindwa. Makohozi yakipimwa kisionekane kijidudu, bado mgonjwa aweza kuanzishiwa kwa makisio dawa za kifua kikuu za miezi sita, na rifampisini iliyomo humo huivunja nguvu wafarini, dawa ya kuzuia damu kuganda ambayo wengi wenye maradhi haya huinywa sambamba. Basi mtu akawa anatibiwa kifua asichougua, huku akisogezwa karibu na kiharusi, na kile kidonge kilicholeta kikohozi bado anakimeza kila asubuhi baada ya chai.

Chanzo cha upofu huu, kwa maoni yangu, si ujinga wa watumishi wenu wala uhaba wa mashine. Ni bahasha. Itazameni siku mojawapo mkitembelea kliniki: kijibahasha cha karatasi, juu yake imeandikwa 1×1 kwa kalamu ya wino, na ndani vipande vya dawa vilivyokatwa kwa makasi hata herufi za jina zikagawanyika, nusu zimebaki dukani na nusu zimekuja nyumbani. Daktari bingwa aliyeandika dawa yuko Nairobi. Mgonjwa akirudi kwao huinunua kwa kemisti wa Emali au Mwingi kwa kuonyesha kipande cha zamani. Na siku atakapokohoa, atakwenda zahanati iliyo karibu, aulizwe anatumia dawa gani, ajibu kwa uaminifu kabisa kuwa ni ya moyo. Hapo mazungumzo hukoma.

Wala watu wa kaunti hizi si wageni wa sumu ijayo kimya kimya. Mwaka 2004, mahindi yaliyohifadhiwa yakiwa na unyevu yalipoota ukungu, sumu ya aflatoksini iliwaugulisha watu 317 katika upande huu wa nchi, wakafa 125, na wengi wao walikuwa wa Makueni na Kitui. Msiba ule ulijulikana kwa kuwa watumishi wa hospitali waliona wagonjwa wenye macho ya manjano na maini yaliyoshindwa wakizidi kumiminika, wasiridhike kuwaita wagonjwa wa kawaida, wakapeleka habari mbele. Lakini wale walikuja kwa makundi, ilhali wa amiodaroni huja mmoja mmoja, mwezi huu huku na mwaka ujao kule, na jicho la mtumishi mmoja haliwezi kuwaunganisha. Ndiyo sababu ya ile fomu ya manjano ya Bodi ya Famasia na Sumu, ambayo mtumishi wa afya huijaza akishuku kuwa dawa imemdhuru mtu, na ndiyo sababu Kenya ilijiunga mwaka 2010 na mpango wa Shirika la Afya Duniani ambao hesabu zake hukusanywa Uppsala nchini Sweden. Fomu isiyojazwa huko Mbooni haina wa kuihesabu Uppsala.

Haja yangu kwenu, basi, ni hii. Kila hospitali ya rufaa, ya Kitui mjini na ya Wote, iwe na daftari la wote wanaotumia amiodaroni katika kaunti, hata walioandikiwa kwingine, na kila mmoja wao apewe kadi ngumu yenye jina la dawa kwa ukamilifu, dozi, na tarehe aliyoianza. Kabla ya kidonge cha kwanza apigwe picha ya kifua na kupimwa tezi na ini. Picha irudiwe kila mwaka, vipimo vya damu kila miezi sita, na picha ya kwanza ihifadhiwe, kwa maana mawingu ya leo hayasomeki ikiwa hakuna anayejua kifua kilikuwaje jana. Atakayeambiwa gharama ni kubwa akumbuke kwamba mpango wa serikali ya kitaifa wa mwaka 2015 uliziletea hospitali mbili katika kila kaunti mitambo ya eksirei, na kwamba Makueni hiyo hiyo ndiyo iliyothubutu mwaka 2016 kuitibu jamaa nzima mwaka mzima kwa shilingi 500.

Tena naomba matabibu wenu washauriane na mabingwa wa Nairobi kabla ya kuirefusha dawa hii kwa mgonjwa ambaye moyo wake wapapatika tu bila hatari ya ghafla. Utafiti uitwao AFFIRM, uliochapishwa mwaka 2002 juu ya wagonjwa 4,060, haukuona kwamba kuulazimisha moyo urudi katika mwendo wake kunarefusha maisha kuliko kupunguza tu kasi yake, na kasi hupunguzwa kwa dawa nyingine, rahisi, zisizogusa pafu kwa namna hii. Shirika la Afya Duniani lenyewe limeiweka amiodaroni katika orodha ya nyongeza ya dawa muhimu, orodha ya dawa zinazohitaji vipimo na uangalizi maalumu, na mwenye kuikubali dawa hali hataki uangalizi wake amechukua nusu ya tiba.

Na kwa zahanati, ambazo hazina eksirei wala maabara, lipo swali lisilogharimu kitu, nalo naomba liandikwe juu ya meza ya kila tabibu pamoja na yale ya kifua kikuu: unameza dawa gani ya moyo, na tangu lini? Asiyejua jina atumwe nyumbani alete bahasha. Madhara haya yakitambuliwa mapema, dawa ikasimamishwa na daktari na mgonjwa akapewa prednisoloni, dawa ya kutuliza uvimbe, kwa miezi kadhaa, wengi hupata nafuu. Yakitambuliwa makovu yamekwisha kushika, hakuna wa kuyafuta.

Nakala ya barua hii naipeleka kwa Bodi ya Famasia na Sumu, Nairobi, na majibu yenu nitayangoja hadharani kama nilivyouliza.

Wenu kwa heshima,
Mwananchi wa Ukambani