Heshima Isingoje Kaburi

Mwaka 2024 Shirikisho la Sataranji Duniani, FIDE, lilimtunuku marehemu Sultan Khan cheo cha heshima cha bingwa mkuu. Mwislamu huyu wa Punjab, aliyefadhiliwa na tajiri Umar Hayat Khan, alitwaa ubingwa wa Uingereza mwaka 1929, 1932 na 1933. Aliporudi kwao akasahauliwa, alifariki 1966. Heshima imemkuta kaburini.

Phiona Mutesi wa Katwe, Kampala, alibahatika: mwalimu wake Robert Katende alimshika mkono, na cheo akakipata 2012 akingali kijana.

Nayafikiri haya nikiwatazama wazee wa Migori na Homa Bay wakicheza ajua, ndugu wa bao letu. Mafundi wamo. Je, nani ayaandikaye majina yao? Na ya mafundi wetu wa pwani je?