Kiongozi Aliyekubali Lawama

Wenzangu wengi husifu kifungo cha Mchungaji Martin Niemöller, aliyefungwa na Hitler tangu 1937 hata 1945. Mimi nasifu zaidi yaliyofuata. Mtu huyu, aliyekuwa nahodha wa manowari ya chini ya maji katika Vita Kuu ya kwanza (kuamrisha alikujua!), angeweza kutoka kifungoni akijisifu. Lakini mwaka 1933 yeye mwenyewe alikuwa amekipigia kura chama cha Hitler, wala hakujifanya amesahau. Oktoba 1945, mjini Stuttgart, yeye na wenzake walitia sahihi tamko la kukiri hatia. Wajerumani wengi walikasirika. Hata hivyo mwaka 1947 alichaguliwa kuwa Rais wa Kanisa la Kiprotestanti la Hesse na Nassau, akaliongoza hata 1964. Je, viranja wetu, bweni likikutwa chafu, humtaja nani kwanza?